Zulia la darasani
Juzi nimerudia sehemu ya kwanza ya Abbott Elementary, tamthilia ya vichekesho ya Marekani kuhusu walimu wa shule ya msingi, safari hii nikiufuatilia uandishi wa Quinta Brunson. Mwalimu kijana anahangaika apate zulia jipya la darasani, maana la zamani mtoto amelikojolea. Kisa chote kinabebwa na zulia! Nilicheka huku koo limenikaba, kwa sababu mimi ni binti wa mwalimu na shida hizo nimezishuhudia. Mama yake Quinta naye alifundisha chekechea Philadelphia, na jina la Abbott ni la mwalimu wake wa darasa la sita. Tamthilia ameibuni, anaiandika, anaitayarisha na kuigiza. Mwaka 2022 akapata tuzo ya televisheni ya Emmy kwa uandishi, na aliistahili kabisa. Mwenye mwalimu nyumbani aitazame naye.