Ndizi mbivu za nazi kwenye eafraya: nilipofikia mpaka sasa

Eafraya yetu (air fryer, jiko la umeme linalopika kwa hewa ya moto inayopulizwa na feni) ina lita 4 na wati 1,500, na kwa miezi minne haikujua kitu zaidi ya chipsi na mapaja ya kuku. Mwezi huu nimeamua kuitafutia kazi nyingine. Nataka ndizi mbivu za nazi kama za nyumbani Tanga, ila ziwe na ule weusi mtamu wa pembeni. Ndizi ya sufuriani inalainika vizuri ndani ya tui lakini haibabuki, na ya kuchoma mkaani inababuka lakini inafika mdomoni kavu. Nataka zote mbili kwenye bakuli moja.

Jaribio la 1

Nimenunua ndizi tatu za mzuzu, za njano, safi, hazina hata doa. Kosa lilianzia hapo hapo sokoni. Nimezipasua katikati kwa urefu, nikawasha nyuzi 200 kwa dakika 12. Nje zimekauka zikakunjamana, ndani ngumu zimeshikana kama muhogo. Wifi yangu alitafuna kipande kimoja kwa heshima, kisha akasema, "Wifi, hii ni mboga. Lete na samaki."

Ana haki. Mzuzu ya njano bado ina wanga mwingi. Sukari inakuja wanga ukishavunjika, na hilo halifanywi na moto, linafanywa na siku.

Jaribio la 2

Zilizofuata nimezifunga kwenye mfuko wa karatasi pamoja na parachichi lililoiva, nikaziacha juu ya friji siku tano. Ganda limekuwa jeusi karibu lote, ukibonyeza kidole kinazama kidogo. Mgeni angedhani ni za kutupa.

Nyuzi 180, dakika 10. Safari hii utamu upo, na kingo zimeanza kushika rangi ya kahawia. Balaa ni kwamba nilinyunyiza sukari na iliki ya unga juu yake zikiwa kavu. Feni ya eafraya haina mzaha: iliki yote imepeperushwa ikaenda kugonga koili juu, ikaungua, nyumba nzima ikanuka pilau lililosahauliwa motoni. Nimefungua madirisha mpaka saa tatu usiku.

Tangu siku hiyo iliki na sukari nazichanganya kwenye samli iliyoyeyushwa, halafu napaka kwa brashi. Hakuna kinachoruka. Ndizi pia haigandi kwenye matundu ya kikapu, kero ambayo nilikuwa nimesahau kuiandika.

(Karatasi ya kuokea isiyokandamizwa na kitu nayo inaruka. Usiniulize nimejuaje.)

Jaribio la 3

Hili ndilo lililonitesa. Kikapu kina matundu, kwa hiyo tui linahitaji chombo. Nimepata bati la keki la inchi 6 linaloingia humo bila kugusa kuta, nikapanga ndizi zilizoiva zenye ganda jeusi lile lile, bado hazijapikwa, nikamimina tui la kwanza na la pili kwa pamoja, nyuzi 180, dakika 15.

Nilipovuta kikapu nilikuta mambo matatu kwenye bati moja. Juu kuna ngozi ya njano iliyokunjamana, chini yake mafuta yanaelea, na chini kabisa maji ya kijivu yenye punje punje. Tui limekatika. Na ndizi, kwa kuwa zilikuwa zimezama, hazikubabuka hata chembe. Nimepoteza vyote viwili.

Nikampigia mama. Nikamweleza nyuzi, dakika, bati, yote. Akanyamaza kidogo.

"Ulikuwa unakoroga?"

"Mama, imefungwa, huwezi kukoroga."

"Basi mwanangu hukupika tui. Umelikaanga."

Jaribio la 4

Umeme ulikatika dakika ya sita. Ndizi zilikuwa zimebabuka upande wa juu lakini ndani bado. Sikuwa na subira, nikabandika sufuria kwenye gesi, moto mdogo, tui zito tu, nikalikoroga mpaka likaanza kutoa mvuke, kisha nikazilaza ndizi humo, weusi ukiangalia juu. Dakika nne.

Ndiyo hiyo! Ile ile niliyokuwa naitafuta, na nimeipata kwa sababu ya kukatiwa umeme. Ndizi ibabuke kwanza ikiwa kavu, tui lije baadaye, kwa moto wa chini.

Jaribio la 5 na la 6

Nimejaribu kuyarudisha yote ndani ya eafraya ili nisichafue sufuria. Kilichokubali ni hiki.

Ndizi mbili nyeusi, zimepasuliwa kwa urefu, kila kipande kimekatwa mara mbili. Samli kijiko kimoja cha chakula, sukari kijiko cha chai, iliki punje nne zilizotwangwa, chumvi ya kubana kwa vidole viwili. Napaka, nazilaza kikapuni upande uliokatwa ukiwa juu, nyuzi 180 kwa dakika 10. Nazihamishia kwenye bati. Tui zito la nazi moja nalipasha pembeni, likiwa vuguvugu nalimimina mpaka nusu ya kimo cha ndizi tu, migongo ibaki nje. Nashusha mpaka nyuzi 120, dakika 6. Tui linakuwa zito na kung'aa, pembeni linatengeneza mapovu madogo madogo, halichemki.

Kwenye tui nakoroga kijiko cha chai cha unga wa mchele, unalishika lisikatike. Mama hajui habari za unga, na simwambii.

Kwa wanaohesabu LUKU (umeme wa kulipia kabla): hata ingevuta wati zote 1,500 kwa dakika 16 mfululizo ingekula yuniti 0.4, na haivuti mfululizo, maana joto likifika inajizima na kujiwasha.

Nimejaribu tui la kopo pia. Linafaa, halikatiki kirahisi, lakini harufu ya nazi iliyokunwa asubuhi ile haina mbadala. Kukuna nazi bado ndiyo kazi kubwa kuliko zote hapa, eafraya haijanisaidia chochote kwenye mbuzi.

Kilichobaki

Nanasi kwa mdalasini nimelijaribu mara moja. Linatoa maji mengi, nitalirudia.

Shida ya sasa ni nyingine. Wifi ameonja jaribio la 6, hakutaja samaki, ila amekwenda kutangaza. Bati linabeba ndizi mbili, na Jumapili wanakuja watu tisa. Nimeshaomba kuazima eafraya ya jirani.