Baba wa Wageni Alikuwa Mhamiaji

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh, ndugu zangu.

Wiki hii tusome Suratu Dh-Dhaariyaat, kuanzia aya ya 24. Wageni waliingia kwa Nabii Ibrahim, amani iwe juu yake, wakamtolea salamu naye akaitika, huku akiona wazi kuwa hawa ni watu asiowajua. Hakuwauliza watokako. Aliondoka taratibu akenda kwa ahli zake, akarudi na ndama aliyenona, akawasogezea pale walipokaa, ndipo akasema, "Mbona hamli?" Suratu Hud inaongeza kuwa hakukawia, na kwamba mkewe alikuwa amesimama hapo. Maulamaa wamechota humu adabu nyingi: mgeni asiulizwe kama ana njaa, wala asiitwe aende kilipo chakula. Chakula kimfuate yeye.

Lipo jambo tunalolipita upesi tunapokisimulia kisa hiki. Nabii Ibrahim hakuwa mzaliwa wa pale. Watu wake walimtia motoni, Mwenyezi Mungu akamwokoa, naye akasema, kama ilivyo katika Suratu Saffaat aya ya 99, kwamba anakwenda kwa Mola wake, na Yeye atamwongoza. Huyu ambaye Waarabu wanamwita baba wa wageni alikuwa ameihama nchi yake.

Fikra hii inanirudisha kwenye ukoo wa mama yangu. Walitoka Hadhramaut, huko Yemen, Washihiri kama wanavyoitwa hapa Unguja, wakaja kwa majahazi yanayoshuka na kaskazi kati ya Desemba na Machi. Na aliyekuja na kaskazi hana njia ya kurudi mpaka kusi ianze kuvuma, mwezi wa Aprili hivi. Basi kila mwaka mji ulijaa mabaharia, manahodha na wachuuzi wa tende na samaki wakavu, wote wakingoja upepo, na wote wanataka pa kulala. Wa kwanza wetu alikuwa hamali bandarini, na jioni akipita mitaani na dele lake, birika la shaba, akiuza kahawa. Alikodi chumba kimoja Malindi, mtaa wa Mji Mkongwe ulio karibu na bandari. Wenzake wa kijiji kimoja wakawa wanalala humo kwa zamu. Baadaye akaongeza chumba cha pili, na katika kizazi cha wanawe ikawa ghorofa nzima ya vitanda vya kamba.

Historia za familia kama hizi husimuliwa kwa majina ya wanaume, na hilo linaniuma, kwa sababu waliopika wali na mchuzi wa papa kwa watu ambao hawakuwahi hata kuwaona uso ni bibi zetu. Aya haikumsahau mke wa Ibrahim. Sisi tumewasahau wa kwetu.

Desturi ya nyumba ile ilikuwa hivi: siku tatu za mwanzo hazilipiwi. Bei ilizungumzwa siku ya nne. Mtume, rehema na amani zimshukie, amesema katika hadithi waliyoipokea Bukhari na Muslim kwamba mwenye kumuamini Mwenyezi Mungu na Siku ya Mwisho amkirimu mgeni wake, na ukarimu ni siku tatu, zaidi ya hapo ni sadaka. Tena akamkataza mgeni asikae mpaka akamtia mwenyeji dhiki. Kwa hiyo kutoza pesa hakukuwa aibu. Aibu ingekuwa kumtazama mtu mfuko kabla ya kumtazama uso.

Na ukarimu huu ni wa pwani yetu nzima. Ibn Battuta alipofika Mogadishu mwaka 1331 aliona vijana wakiiendea merikebu kwa mashua, kila mmoja na sahani ya chakula iliyofunikwa, anampa mfanyabiashara mmoja na kusema, "Huyu ni mgeni wangu."

Baada ya Mapinduzi ya 1964 nyumba nyingi za Mji Mkongwe zilichukuliwa na serikali, na sehemu kubwa ya ukoo ikavuka bahari kwenda Ghuba, ikalala katika vyumba vya watu wengine. Waliobaki walisubiri. Milango ya uwekezaji na utalii ilipofunguliwa miaka ya 1980, wajukuu wakaanza tena, sasa kwa mashuka meupe na wageni wa Ulaya.

Ninachotaka tukitazame ni watu wanaoshuka bandarini hapo hapo Malindi leo. Wanatoka Tanga, Mwanza, Kenya, wanatafuta kazi katika hoteli za Nungwi, Kiwengwa na Paje. Tunawaita watu wa bara. Mwenye chumba anawauliza kabila na dini, kisha anataka kodi ya miezi sita mkononi. Najua tuna malalamiko ya haki kuhusu ulevi na mavazi yanayoletwa na utalii, na sitaki tuyanyamazie. Lakini kijana anayefua mashuka Paje hakuleta pombe. Na sisi tunaolalama, wangapi tunaweza kuhesabu babu watatu bila kufika Shihiri, Kachi ya India, Ngazija au Unyamwezi?

Masika yanakuja. Hoteli nyingi za ufukweni hufunga Aprili na Mei, na wafanyakazi huambiwa warudi makwao, wengine mshahara wa Machi haujalipwa. Mtume ametuamrisha kumpa mwajiriwa ujira wake kabla jasho lake halijakauka. Mwenye hoteli anayesoma haya alipe kabla ya kufunga geti. Mwenye chumba kitupu amwachie mmoja wao alale mpaka msimu ufunguke, na aanze na siku tatu bila kutaja bei.

Ewe Mola wa Ibrahim, warehemu waliotupokea sisi, wanaume kwa wanawake, uliowajua Wewe majina yao. Na walioshuka kwenye boti wiki hii wasiokuwa na jamaa hapa, wajaalie mlango wa kwanza wanaobisha uwe wetu. Aamin.