Jacobi Aliponong'ona

Sauti ya Derek Jacobi, mwigizaji wa Uingereza, niliijua kabla sijaijua sura yake. Mwanangu alikuwa mdogo, na kila jioni kabla ya kulala ilikuwa lazima aone In the Night Garden, kipindi cha watoto cha runinga: yule Igglepiggle wa bluu na blanketi lake jekundu, na mzee asiyeonekana anayesimulia polepole. Mtoto alikuwa akisinzia kabla kipindi hakijaisha. Siku za zamu mbili, hata mimi.

Nilikuwa nikifanya kazi ya kutunza wazee majumbani, mashariki mwa London. Mmoja wao alikuwa mwalimu mstaafu wa Leytonstone. Wenzangu walimwita kwa jina lake la kwanza, kama alivyotaka mwenyewe. Mimi niliyelelewa Tanga ulimi ulikataa, nikamwita Mama mpaka akazoea. Nilipomsimulia habari za babu yetu wa runingani alicheka mpaka kikohozi kikamshika.

“Huyo ni mtoto wa hapa hapa,” akasema.

Basi nikapewa historia yote. Jacobi alizaliwa Leytonstone mwaka 1938, baba yake akiuza peremende na sigara. Akaenda Cambridge kusoma historia, akaanza kuigiza Birmingham, na huko mwigizaji mashuhuri Laurence Olivier akamwona na kumchukua katika kundi la kwanza la National Theatre, ukumbi wa taifa wa maigizo, mwaka 1963. Mama alisimulia kama mtu anayetaja sifa za mpwa wake.

Februari 2011 akakata tiketi mbili. Jacobi alikuwa akicheza King Lear, mchezo wa Shakespeare, katika ukumbi wa Donmar, na usiku huo mchezo ungerushwa moja kwa moja kwenye majumba ya sinema. Tukaenda sinema ya Stratford, ile ya mashariki mwa London, Mama na mkongojo wake, mimi na biskuti zake za tangawizi mkobani. Shakespeare niliyemjua mimi ni wa Mabepari wa Venisi, kitabu cha Mwalimu Nyerere tulichosoma shuleni. Huyu Lear nilikuwa simjui.

Jukwaa lilikuwa la mbao zilizopakwa rangi nyeupe, halina mapambo. Mzee anagawa ufalme wake kwa binti zake, na yule mdogo, Cordelia, aliyechezwa na dada mweusi, Pippa Bennett-Warner, anakataa kumpaka baba mafuta kwa mgongo wa chupa. Mama ana mabinti wawili wasiopigiana simu. Biskuti aliyoishika ilibaki mkononi haijaumwa.

Dhoruba ilipokuja nilijiandaa kwa makelele. Ngurumo zikapiga, mwanga ukamulika zile mbao, halafu ghafla sauti zote zikakatika. Jacobi, mzee wa miaka 72, akaanza kuziamuru pepo zivume mpaka zipasuke mashavu. Alinong'ona. Kamera ilikuwa karibu naye kiasi cha kuona midomo ikitetemeka. Sinema nzima hakuna aliyetafuna. Na mimi nikaitambua: ni sauti ile ile inayomlaza mwanangu, taratibu ile ile, ila sasa imeniamsha mwili mzima. Katika ukumbi wa watu elfu nadhani asingethubutu. Donmar ina viti 250 hivi, mnong'ono unamfikia kila mtu.

Wakati wa mapumziko Mama aliniambia kwamba mtu huyu huyu aliwahi kuingiwa na hofu ya jukwaa, akalikimbia mpaka kundi la Royal Shakespeare lilipomrudisha mwaka 1982. Sikuamini. Bado naona taabu kuamini.

Kwenye basi la 257 tukabishana. Mama alishikilia kwamba Jacobi hajawahi kufanya kitu kinachoishinda I, Claudius, tamthilia ya runinga ya BBC, mwaka 1976: kigugumizi, mguu unaochechemea, kichwa kinachojitupa chenyewe, na kijana anazeeka mbele ya macho yako mpaka anakuwa mfalme kikongwe wa Roma. Nilikuwa sijaiona, lakini sikukubali. Akahamia Frasier, kichekesho cha Kimarekani kilichompatia Jacobi tuzo ya Emmy mwaka 2001 kwa kumwigiza mkongwe wa Shakespeare asiyejua kuigiza hata chembe. Akasimama pale pale, mkongojo hewani, anifanyie yule mzee anavyonguruma. Dereva akatutazama kwenye kioo.

“Kaa, Mama, utaanguka.”

Hakukaa mpaka alipomaliza, na abiria wawili wa nyuma wakampigia makofi.