Pale mfuko ulipokuwa

Jamani, leo nimevuka mto Alabama kwa feri kwenda Gee's Bend, kijiji cha watu weusi jimboni Alabama, Marekani. Feri hiyo iliondolewa 1962, watu weusi walipoanza kudai haki ya kupiga kura. Ikarudi 2006!

Nilifuata mifarishi, yale matandiko ya kitanda. Kina mama wa huku huiunga kwa viraka vya nguo kuukuu za kazi, na 2002 ilitundikwa ukutani kwenye makumbusho ya Whitney, New York.

Bibi mmoja akanitandazia wa jinzi. (Bei sikuthubutu kuuliza mara mbili 😅)

Katikati pana kipande cha buluu iliyokoza. Nikadhani ni kitambaa kingine.

Kumbe ndipo mfuko wa suruali ulipokuwa. Kwingine kote jua la shambani limefifisha, pale chini ya mfuko halikufika.

Nikaweka kiganja. Kikaenea sawasawa.

Nikamkumbuka bibi yangu wa Tanga na lile tandiko lake la vipande vya kanga, tulivyokuwa tukiligombea usiku.

Kwenu nani alikuwa akiunga viraka? Tandiko mnalo bado, au liliishia kuwa dekio?