Miti imeenda wapi?

Jumamosi iliyopita tulikuwa njiani kutoka Mafinga kwenda kwa Bibi. Ulikuwa ukungu ule wa Julai, dereva anawasha taa na bado anatambaa. Mwanangu alikuwa amebandika paji la uso kwenye kioo. Barabara ile anaijua, ina paina pande zote mbili na amezoea kuzihesabu tangu ana miaka mitatu. Akanigeukia.

"Mama, miti imeenda wapi?"

Nikamwambia ipo. Akasema, "Mbona siioni?"

Nilikosa jibu, nikabaki namshika mkono. Siku nzima nilikuwa Mufindi kwa mwili tu, akili iko Ueno, mtaa wa Tokyo, Japani.

Ulikuwa mwaka wangu wa pili Tokyo. Baba alifariki wiki moja kabla ya Krismasi, na hata kama ningekopa nauli, ningefika matanga yameshaanuliwa. Nilimzika kwa simu, picha inakatika kila baada ya dakika mbili. Sikutia hata konzi moja ya udongo kaburini kwake. Baada ya hapo nilikuwa nakwenda darasani, narudi, nalala. Mwenzangu mmoja wa darasani, Mjapani, aliponiona hivyo hakunipa pole za maneno mengi. Aliniandikia tu kwenye kikaratasi: jumba la makumbusho ya taifa, Ueno, mwanzoni mwa Januari, nenda ukaone misonobari.

Misonobari ndiyo hizo paina, kama tunavyosema kwetu. Baba alifanya kazi kwenye shamba la miti la Sao Hill tangu sijazaliwa. Kazi yake ilikuwa kupunguza: kupita katikati ya mistari na kuweka alama kwenye miti ya kukatwa, ili inayobaki ipate kunenepa. Alikuwa akitufundisha akisema, usitazame mti, tazama nafasi iliyo kati yake na mwenzake. Kwa hiyo nilikwenda.

Kwa asiyejua, Wajapani wana viambaza vya kukunja wanavyoviita byobu, maana yake kizuia upepo. Umbo lake linafanana na lile pazia la fremu linalozungushwa kitanda cha mgonjwa wodini, ila hiki ni cha karatasi juu ya kiunzi chepesi cha mbao, na juu ya karatasi kuna picha. Wazo lilitoka China. Ukikinyoosha kabisa kinaanguka. Kinasimama kwa sababu kimekunjwa, mkunjo mmoja mbele, mwingine nyuma. Vingi nilivyoviona vitabuni vilikuwa vya dhahabu, karatasi za dhahabu zimebandikwa moja moja hadi unaona mistari pale zinapopandana, kwa ajili ya vyumba vya kasri visivyofikiwa na jua. Nilitegemea kuona kitu cha namna hiyo.

Nilichokikuta ni wino mweusi tu. Viambaza viwili, kila kimoja paneli sita, kimo mita 1.57 na upana zaidi kidogo ya mita tatu na nusu. Mchoraji ni Hasegawa Tohaku, wa karne ya 16. Sehemu kubwa ya karatasi haijaguswa kabisa. Miti yenyewe, ukiikaribia, ni mikwaruzo, kama mtu aliyechovya fagio kwenye masizi akapiga karatasi kwa haraka na hasira. Nilisimama pale mbele ya kioo na nikaona uchungu, maana nilikuwa nimeomba sana kuona kitu siku ile, na sikuona kitu.

Kando yangu kulikuwa na mzee, amevaa koti zito, kofia ameishika mkononi. Alinitazama kidogo. Kisha akateremsha kiganja chake taratibu kuelekea sakafuni, mara mbili, kama unavyomwambia mtoto akae, halafu yeye mwenyewe akachuchumaa. Magoti yake yalilia. Nami nikachuchumaa.

Vitu hivi vilichorwa kwa ajili ya watu waliokaa chini, kwenye mikeka. Hilo nililijua baadaye. Wakati ule nilijua tu kwamba macho yangu yaliposhuka, miti ilisogea. Paneli iliyokunjwa kuja kwangu ilileta mti wake mbele, mweusi, naona hata majani yake ya sindano yakilowa. Paneli iliyofuata ilirudi nyuma na mti wake ukaingia ukunguni, kijivu, kisha kijivu zaidi, kisha shina bila kilele. Nikasogeza kichwa kushoto kama shubiri moja na mti mmoja ukajificha nyuma ya mkunjo. Nikarudisha kichwa, ukatokea. Ukungu wenyewe haukukatika popote, ulipita juu ya mikunjo yote. Zamani kila paneli ilikuwa na fremu yake na zilifungwa kwa kamba, hivyo picha ilikuwa vipande vipande. Kuanzia karne ya 14 hivi mafundi wakaanza kuziunga kwa bawaba za karatasi, na picha moja ikaweza kutembea kutoka mwanzo hadi mwisho. Namshukuru fundi huyo ambaye simjui.

Kulikuwa na kioo kati yetu, lakini nilisikia harufu ya utomvu. Naapa niliisikia. Na pale kwenye nafasi kubwa nyeupe, kati ya kundi moja la miti na jingine, nilikuwa na hakika kwamba mtu amepita sasa hivi na anaelekea upande ule, na kwamba nikikaa bila kutikisika nitamwona mgongo.

Sijui nilikaa muda gani. Machozi yalikuwa yakishuka na mzee hakunitazama hata mara moja, na huo ndio wema mkubwa niliofanyiwa mwaka ule.

Baadaye nilisoma habari za Tohaku. Mwaka 1591 mtawala wa nchi, Hideyoshi, alifiwa na mtoto wake mdogo, Tsurumatsu, akajenga hekalu la kumkumbuka. Tohaku akapewa kazi ya kuchora humo, pamoja na mwanawe Kyuzo. Kyuzo alichora micheri iliyochanua, kwa dhahabu na rangi nzito, na kazi hiyo ipo Kyoto hadi leo kwenye hekalu la Chishaku-in. Mwaka 1593 Kyuzo naye akafa, akiwa na miaka 26. Wengi husema misonobari hii ya ukungu ni kilio cha baba huyo. Wengine wanaonyesha kwamba maungio ya karatasi hayakukaa sawasawa, kwa hiyo huenda ilikuwa rasimu tu ya kazi kubwa zaidi. Mimi naelekea kwa hao wa kwanza, ingawa najua ni msiba wangu unaoniegemeza huko.

Jumba lilifungwa saa kumi na moja jioni. Nje nilimpigia Mama, kwetu ilikuwa saa tano asubuhi na mvua inanyesha, nasikia bati. Nikamwambia, nimeona paina za Baba. Alinyamaza. Kisha akaniuliza kama nimekula.

Tulipokaribia Nyololo ukungu ulianza kuachia. Mti mmoja ukatokea upande wa mwanangu, mwingine nyuma yake, halafu nafasi tupu ndefu. Alishusha kichwa chini ya ukingo wa dirisha, akatazama juu, akaanza kuhesabu.