Nzi Niliowafungulia

Panya amefia nyuma ya kabati. Siku ya pili leo tunamtafuta kwa pua, na wenzangu wamekunja nyuso. Mimi nacheka peke yangu. Harufu hii nimewahi kuivuta nikiwa nimeinamia ua.

Ni mwaka ule wa kumwagilia maji kwenye nyumba ya vioo. Nguzo ya kona ilikuwa imeparamiwa na mmea wa misitu ya Amerika ya Kati, Aristolochia grandiflora, wenye majani kama moyo. Tumba lake lilijikunja mfano wa ndege mwari aliyesinzia, mdomo kifuani. Asubuhi moja nikalikuta limefunguka: pana kama sahani, rangi ya maziwa iliyotapakaa mishipa ya zambarau, chini linaning'iniza mkia mrefu kama ugwe. Katikati, shimo jeusi. Nzi wakawa wanaingia. Sikuona anayetoka.

Nikatega sikio. Humo ndani walikuwa wakivuma kwa sauti ndogo, ya kukata tamaa, au labda hiyo tamaa niliwatilia mimi. Nikachukua kiwembe, nikaipasua shingo ya ua taratibu, kama mtu anayefungua barua isiyo yake. Ndani kumejaa vinywele, vyote vimeelekea chini kama mdomo wa dema: kuingia ruksa, kutoka hakuna. Nikapasua mpaka kwenye kifuko chenyewe. Nzi wakatoka, mmoja mmoja, wakijipangusa miguu.

"Umefanya nini, mwanangu?" Mzee wa bustani alikuwa nyuma yangu.

"Nimewafungulia, mzee."

Akaligeuza ua kiganjani. "Kesho lingewafungulia lenyewe."

Kumbe siku ya kwanza ua huwa la kike tu, linapokea chavua ambayo nzi wametoka nayo kwenye ua jingine. Likishapokea, upande wa kiume nao hukomaa, huwapaka chavua mpya, vinywele hunyauka, na mlango unakuwa wazi. Ua lenyewe halina maisha baada ya hapo.

Niliona haya, lakini si sana. Hata leo sina hakika nilimkosea nani: ua, mzee, au nzi. Maana mmoja wao alizunguka kichwa changu mara mbili, akarudi kutua juu ya lile ua lililopasuka, akaanza kutembea huku na huku akitafuta pa kuingilia.