Chumba Kisichopoteza Kitu

Katika hadithi ndefu ninayoiandika kuna chumba kilichochongwa chini ya ardhi, ambamo makuhani wa mji wa kubuni hukutana ili dua ya mmoja wao iwe na uzito wa dua za watu mia. Vyumba vya namna hii vimejaa tele katika hadithi za ajabu, na vingi, kusema kweli, vinanichosha: mawe yanamemetuka, sakafu inatetemeka, nguvu inaongezeka, lakini msomaji haambiwi nyongeza hiyo imetoka wapi. Ndiyo maana niliviweka kando vitabu vya uchawi nikaanza kusoma habari za Ħal Saflieni.

Haya ni makaburi ya kale yaliyo chini ya mji wa Paola, huko Malta, yaliyogunduliwa mwaka 1902 na mafundi waliokuwa wakichimba birika za maji. Yalichongwa ndani ya mwamba wa chokaa, ghorofa tatu kwenda chini, kati ya takriban mwaka 4000 na 2500 kabla ya Kristo, na watu wasiokuwa na zana hata moja ya chuma. Inakadiriwa kwamba humo walizikwa watu wapatao 7,000. Chumba kimojawapo hujulikana kama chumba cha kahini, yaani mtabiri. Dari yake imechorwa mizunguko ya rangi nyekundu, na ukutani, usawa wa uso wa mtu, pana kishubaka. Mwanamume mwenye sauti nzito akisemea ndani ya kishubaka hicho, sauti yake huvuma hadi vyumba vya jirani, ilhali sauti nyembamba haipati heshima hiyo. Waliokipima wameona kwamba chumba huitikia zaidi mitetemo ipatayo 70 na 114 kwa sekunde.

Jiwe lenyewe halizalishi hata chembe ya sauti. Uwanjani sauti hutawanyika na kwisha. Humo ndani ukuta mgumu huirudisha, na wimbi linaloondoka likikutana na linalorejea kwa mpigo mmoja, yanajengana. Chumba hakiongezi kitu, ila kinapoteza kidogo mno. Hiyo ndiyo kanuni niliyoiazima. Kilinge changu hakina nguvu yake chenyewe. Hurudisha kilicholetwa, bila kuchagua. Kuhani akiingia na dua mdomoni na kinyongo moyoni, vyote viwili humrudia vikiwa vimekua, na mara nyingi kinyongo ndicho chenye sauti nzito zaidi.

Kanuni hiyo ikanipa jambo jingine ambalo sikulitarajia. Mwili wa mtu na nguo zake hunyonya sauti, kwa hiyo chumba kilichojaa watu huvuma kidogo kuliko chumba kitupu. Rasimu yangu ya kwanza ilikuwa na umati ukiimba chini kwa chini, kama ilivyo desturi ya hadithi hizi, nami nimeufuta wote. Sasa wanaoruhusiwa kuingia ni watatu tu, wakiwa vifua wazi, na mazulia ya sala hubaki mlangoni. Mji mzima unahitaji mvua, kila ukoo unataka mtu wake awe miongoni mwa hao watatu, na kuanzia sura ya pili ugomvi wa nani aingie ndio unaoiendesha hadithi.